Mwisho wa Jukwaa la Choshi

Treni ya haraka iitwayo Shiosai huondoka Tokyo na kukimbilia mashariki kwa saa mbili kasoro. Dirishani hupita maghorofa, kisha mpunga, kisha mashamba ya mboga, mpaka nchi kavu inakaribia kwisha na reli nayo inakwisha. Hapo ndipo Choshi, kilomita 120.5 kutoka Tokyo kwa njia ya Sobu. Ni mji wa wavuvi ulio kwenye mdomo wa mto Tone, mahali mto huo unapomwaga maji yake katika Bahari ya Pasifiki. Jina la treni lenyewe maana yake ni sauti ya mawimbi.

Abiria wengi wakishuka huelekea getini. Wachache hufanya jambo linalomshangaza mgeni: badala ya kutoka nje, wanashika njia ya ncha ya jukwaa. Wanatembea mpaka paa la JR, kampuni kubwa iliyorithi reli za serikali, linabaki nyuma yao. Mbele kuna kibanda chenye umbo la kinu cha upepo cha Kiholanzi, na pembeni yake treni ya mabehewa mawili iliyozeeka. Hakuna geti hapo, wala ukuta, wala mtu wa kukagua tiketi. Jukwaa ni lilelile, isipokuwa sasa abiria yuko mikononi mwa kampuni nyingine, Choshi Denki Tetsudo, yaani Reli ya Umeme ya Choshi, ambayo Wajapani huifupisha kuwa Choden. Nauli atamlipa kondakta ndani ya behewa.

Reli ya Choden ina urefu wa kilomita 6.4 na vituo 10. Safari nzima huchukua dakika zisizozidi 20. Kampuni hii haina stesheni kuu yake yenyewe. Inakaa upenuni kwa JR kama mpangaji aliyepewa chumba cha uani. Abiria wake anayeanzia safari Choshi hana budi kupitia geti la JR kwanza. Na bado mpangaji huyu ndiye anayefahamika Japani nzima, kwa sababu ambayo hakuna aliyeitarajia: biskuti za mchele.

Lakini biskuti hazina maana bila sosi ya soya, na sosi ya soya haina maana bila mto.

Zamani mto Tone haukupita hapa kwa wingi wake wote. Katika karne ya 17 watawala wa ukoo wa Tokugawa waliugeuza, kidogo kidogo kwa miongo kadhaa, ukaacha kumwaga maji yake katika ghuba ya Edo, mji ambao leo ni Tokyo, ukaja kutokea Choshi. Kazi kubwa ilikamilika mwaka 1654. Matokeo yake Choshi ikawa bandari ya mlangoni: mashua zilipanda Tone, zikaingia mto Edo, zikateremka hadi mji mkuu bila kuzunguka rasi zenye dhoruba. Biashara iliyofaidika zaidi ni ya sosi ya soya. Kiwanda cha Higeta kilianza mwaka 1616 na cha Yamasa mwaka 1645, na vyote viwili vinafanya kazi hadi leo. Hewa ya Choshi ina unyevunyevu na haina joto kali wala baridi kali, jambo linaloifaa chachu. Ngano na soya zilitoka uwandani kwa mashua, na mapipa yaliyojaa yakarudi kwa mashua zilezile.

Walioianzisha biashara hii wengi walikuwa wahamiaji. Walitoka Kishu, nchi ambayo leo ni mkoa wa Wakayama, mamia ya kilomita kusini-magharibi, wakifuata dagaa. Bandari ya Tokawa, upande wa pili wa rasi, ilijengwa na mtu wa Kishu aitwaye Sakiyama Jiroemon. Mwanzilishi wa Yamasa, Hamaguchi Gihei, naye alitoka hukohuko, na warithi wake wakawa wakilichukua jina lake kizazi hadi kizazi. Wa saba wao anajulikana zaidi kama Hamaguchi Goryo. Desemba 1854 alikuwa kwao Kishu tetemeko lilipoleta tsunami, na kiza kilipoingia akawasha moto marundo ya mabua ya mpunga ili waliokuwa wakihangaika wauone mwelekeo wa mlimani. Tarehe 5 Novemba, yaani siku ya tano ya mwezi wa 11, siku ya tukio hilo kwa kalenda ya zamani ya Kijapani, ndiyo Umoja wa Mataifa uliyoichagua mwaka 2015 kuwa siku ya kuikumbusha dunia hatari ya tsunami. Fedha za mtu huyo zilitokana na mapipa ya Choshi.

Reli ilifika tarehe 1 Juni 1897. Iliyoijenga ilikuwa kampuni binafsi, Reli ya Sobu, ambayo serikali iliitaifisha mwaka 1907 pamoja na reli nyingine nyingi. Safari ambayo mashua ilikuwa ikiikokota kwa siku kadhaa sasa ilikwisha mchana mmoja, na samaki wa alfajiri waliweza kuliwa Tokyo wakiwa bado wana harufu ya bahari.

Hata hivyo, stesheni ilikuwa mjini, na kilichowavutia watalii kilikuwa mbele zaidi. Kwenye ncha ya rasi, Inubosaki, umesimama mnara wa taa ya meli wa matofali, mweupe, wenye urefu wa zaidi ya mita 30. Aliyeusanifu ni Mskoti Richard Henry Brunton, mhandisi aliyeajiriwa na serikali ya Japani, na taa yake iliwashwa kwa mara ya kwanza tarehe 15 Novemba 1874. Ngazi zake za ndani ni 99. Chini yake ni miamba na mawimbi. Watu wa Tokyo walitaka kufika huko, na kutoka stesheni kulikuwa na mwendo wa miguu usiopendeza.

Ndipo matajiri wa mji walipoanzisha reli yao ndogo. Iliitwa waziwazi reli ya matembezi, Choshi Yukan Tetsudo. Ilifunguliwa tarehe 28 Desemba 1913, ikaanzia Choshi hadi Inubo, kilomita 5.9. Huenda tarehe hiyo haikuwa ya bahati nasibu, maana siku nne tu baadaye ulikuwa mwaka mpya, na Inubosaki ni maarufu kwa watu wanaotaka kuliona jua la kwanza la mwaka.

Reli hiyo haikumaliza miaka minne. Watalii walikuwa wachache, na wakati huohuo vita kuu ya kwanza ilikuwa imepandisha bei ya chuma duniani kote. Wenye hisa walipiga hesabu, wakaona kwamba reli zilizolala chini zina thamani zaidi kuliko treni zinazopita juu yake. Novemba 1917 wakafunga kazi, wakang'oa vyuma, wakauza. Kilichobaki ni tuta la udongo lililopinda kati ya mashamba.

Tuta hilo ndilo mtaji wa Choden. Mwaka 1922 iliundwa kampuni mpya, na tarehe 5 Julai 1923 treni zikaanza tena, mara hii zikienda mbele ya Inubo hadi bandari ya Tokawa. Jengo la mbao la stesheni ya Tokawa ni la mwaka huohuo na bado limesimama. Umeme uliwekwa Julai 1925. Kampuni ilikuwa imejifunza somo moja kwa waliotangulia: watalii pekee hawatoshi. Ilihitaji wavuvi, wanafunzi, akina mama waendao sokoni, na zaidi ya hao ilihitaji mizigo.

Mizigo ilikuwapo jirani kabisa. Kituo cha kwanza baada ya Choshi, Nakanocho, kimegusana na kiwanda cha Yamasa. Ukifungua dirisha la behewa hapo, harufu ya soya iliyochachuka inaingia kabla ya treni kusimama. Kiwanda kilikuwa na reli yake ya pembeni. Mabehewa yalipakiwa ndani ya uzio, yakavutwa hadi Choshi, yakaunganishwa na treni za serikali bila mtu kushusha pipa hata moja. Hili liliwezekana kwa sababu reli zote mbili zina upana uleule, milimita 1,067. Msomaji wa Tanzania anaweza kuupima umuhimu wake kwa kuikumbuka Kidatu. Pale TAZARA, ambayo nayo ni ya milimita 1,067, inakutana na tawi la reli ya zamani ya upana wa mita moja, na tofauti ya sentimita chache inalazimisha mizigo kuhamishwa kutoka behewa hadi behewa. Choshi haikuwa na shida hiyo. Jukwaa lilikuwa la pamoja kwa sababu vyuma vilikuwa vya pamoja.

Aliyefanya kazi hiyo ya kuvuta mapipa alikuwa kiumbe wa ajabu. Ni kichwa cha treni kiitwacho Deki 3, kilichotengenezwa na kampuni ya AEG ya Ujerumani mwaka 1922, ambacho kabla ya hapo kilitumika kwenye mgodi wa makaa ya mawe huko Ube, magharibi mwa Japani. Kilihamia Choshi mwaka 1941. Urefu wake haufiki mita tano, uzito wake ni tani 10 hivi. Chumba cha dereva kimekaa katikati kama kibanda cha mlinzi, pua fupi imetokeza mbele na nyingine nyuma, na juu yake kuna mkono wa kupokea umeme unaoonekana mkubwa kuliko mwili wenyewe. Kinatajwa kuwa miongoni mwa vichwa vidogo kabisa vya umeme nchini Japani. Usafirishaji wa mizigo ulikoma mwaka 1984, lakini Deki 3 hakikuuzwa. Kipo karakana ya Nakanocho, kimepakwa rangi, na wapenzi wa treni husafiri kutoka mbali kuja kukitazama.

Julai 1945, vita ya pili ikielekea ukingoni, ndege za Marekani ziliichoma Choshi kwa mabomu ya moto. Karakana na kituo cha umeme cha reli ndogo viliteketea. Bila umeme treni hazina maana, kwa hiyo kampuni ikaazima vichwa vya mvuke kutoka reli ya serikali ili irudi kazini. Mwenye nyumba alimsaidia mpangaji. Na mwenye nyumba mwenyewe hakuwa na hali nzuri: jengo la stesheni lililosimamishwa baada ya vita, mwaka 1948, lilikuwa banda la ndege la jeshi la wanamaji lililovunjwa uwanjani na kuletwa mjini. Kwa miaka 70 abiria wa Choshi walinunua tiketi chini ya paa lililokusudiwa kufunika ndege za vita. JR ililibomoa na kufungua jengo jipya mwaka 2018.

Mwaka huo wa 1948 kampuni ndogo nayo ilijipanga upya na kupata jina lake la sasa. Kwa miaka michache mambo yalikwenda vizuri, kisha magari yakaingia. Mji ulianza kupungua: watu wake walikuwa zaidi ya 90,000 katika miaka ya 1960, leo hawafiki 60,000. Mazungumzo ya kuifunga reli yalianza mapema, yakakoma, yakaanza tena. Bandari ya Choshi iliendelea kupokea dagaa na vibua kwa wingi, lakini samaki sasa walisafiri kwa malori.

Kampuni ilijifunza kujitafutia riziki pembeni. Mwaka 1975 ulitoka wimbo wa watoto uitwao Oyoge! Taiyaki-kun, unaohusu taiyaki, kitafunio cha unga chenye umbo la samaki kilichojazwa maharage matamu, na ukawa moja ya rekodi zilizouzwa sana katika historia ya Japani. Mwaka uliofuata, kituo cha Kannon kilikuwa na jiko la kuchoma taiyaki, likiendeshwa na kampuni ya reli yenyewe. Watu wengi wangeliona jambo hilo kama mzaha. Wafanyakazi wa Choden waliliona kama mauzo.

Mwaka 1990 umiliki ulihamia kwa kampuni moja ya ujenzi, na vituo vikapambwa kwa mitindo ya Ulaya. Inubo ikawekwa vigae vya Kireno, Kannon ikawa nyumba ya milimani ya Uswisi, na pale mwisho wa jukwaa la Choshi kikasimamishwa kinu cha upepo cha Uholanzi. Mantiki ya kuchagua nchi tofauti tofauti kwa reli ya kilomita 6.4 haijulikani ilipotoka, na upepo wa chumvi haukuiheshimu. Mabawa ya kinu yalichakaa, yakaondolewa. Kwa miaka mingi msafiri aliyefika kwenye ncha ya jukwaa alipokewa na kinu kisicho na mabawa.

Septemba 1995 ndipo zilipokuja biskuti. Senbei ya kawaida ni kipande cha mchele kilichochomwa, kikavu, kinacholia mdomoni kama kigae. Ile ya Choshi, nure-senbei, jina lake maana yake ni senbei iliyolowa. Huchomwa, na ikiwa bado ya moto inatumbukizwa ndani ya sosi ya soya, ikaachwa ibaki laini. Ukiivuta haikatiki, inanyumbuka. Mkononi inaacha ladha ya chumvi inayobaki vidoleni mpaka unawe. Utengenezaji wake ulianzia kwenye duka la mjini, na Choden iliupata ujuzi huo kutoka kwa wenyeji wake, ikafungua kiwanda chake. Sosi ni ya Choshi, kama ilivyotarajiwa. Haikupita miaka mingi, mauzo ya biskuti yakawa makubwa kuliko ya tiketi.

Kama historia ingeishia hapo, ingekuwa hadithi ya werevu wa kibiashara. Lakini mwaka 1998 kampuni mama ya ujenzi ilifilisika. Baadaye ikagundulika kwamba rais wa kampuni ya reli wa wakati huo alikuwa amekopa kwa jina la reli na kuzitumia fedha kwingine. Mwaka 2006 alikamatwa kwa kosa la kufuja mali ya kampuni. Ruzuku za mji na mkoa zilikuwa zimekatika. Wakaguzi wa serikali walipita na kukuta mataruma yaliyooza, wakaagiza yabadilishwe. Juu ya yote hayo, treni zenyewe zilikuwa zimefikia muda wa ukaguzi mkubwa wa kisheria, ule ambao gari linafunguliwa karibu kipande kwa kipande. Treni ambayo haijakaguliwa hairuhusiwi kubeba abiria. Fedha za kulipia kazi hiyo hazikuwapo.

Novemba 2006 wafanyakazi waliweka tangazo kwenye tovuti ya kampuni. Halikuandikwa na wataalamu wa matangazo, na lilionekana hivyo. Liliwaambia wasomaji mambo mawili: tafadhali nunueni nure-senbei ili treni ziendelee kukimbia, na kwamba hatuna budi kupata fedha za kuzitengeneza. Sarufi yake ya Kijapani ilikuwa na unyonge wa mtoto anayejieleza mbele ya mwalimu, na hilo ndilo lililowashika watu. Kwenye mabaraza ya mtandaoni tangazo lilisambaa kutoka kundi hadi kundi. Oda zikamiminika kutoka kila pembe ya nchi, kutoka kwa watu ambao hawajawahi kukanyaga Choshi wala hawana mpango wa kwenda. Kiwanda kikazidiwa. Duka la mtandaoni likalazimika kusimamisha kwa muda kupokea oda mpya, na mbele ya duka la stesheni watu wakapanga foleni.

Treni zilikaguliwa. Januari 2007 ilipofika, zilikuwa njiani.

Wahenga walisema mgeni njoo, mwenyeji apone, na kwa miezi kadhaa ndivyo ilivyokuwa kwa Choshi, ingawa wageni wengi walifika kwa njia ya posta. Lakini huruma ya umma ina msimu wake. Machi 2011 tetemeko kubwa na tsunami viliipiga pwani ya mashariki, na watalii wakakwepa bahari. Mwanzoni mwa 2013 kampuni ilitangaza kwamba haiwezi tena kujinasua peke yake. Januari 2014 treni iliacha njia karibu na kituo cha Kasagami-Kurohae, na ikakaa karakanani kwa kukosa fedha za matengenezo. Safari hii waliojitokeza walikuwa wanafunzi wa shule ya sekondari ya biashara ya Choshi, ambao baadhi yao walikuwa wakipanda treni hizo kwenda shule. Walikusanya michango mtandaoni mpaka gari likatengenezwa.

Aliyekuwa usukani wakati huo ni Takemoto Katsunori. Alikuja kwanza kama mshauri wa kodi, mtu wa kupekua daftari za kampuni inayozama, na Desemba 2012 akajikuta ndiye rais wake. Mwaka 2016 alipata leseni ya udereva wa treni, na siku nyingine huendesha mwenyewe. Falsafa yake, kama inaweza kuitwa hivyo, ni kwamba umaskini wa kampuni ni bidhaa. Kwa kuwa kila mtu anajua kwamba Choden haina kitu, basi waliuzie taifa utani juu ya kutokuwa na kitu.

Utani wa Kijapani hupenda maneno yanayofanana kwa sauti, na hapa Choden ina utajiri. Jina la mji, Choshi, linatamkwa sawa na neno lenye maana ya hali au mwenendo wa mambo. Kituo cha nne kinaitwa Motochoshi, na herufi zake zinaweza kusomwa kama hali halisi, hali iliyokaa sawa. Kwa hiyo tiketi ya kawaida ya karatasi kati ya vituo hivi viwili ikageuka hirizi ya kumtakia mtu mambo yake yapande na yakae sawa. Wanafunzi wa mitihani huinunua, ingawa treni hawapandi.

Agosti 2018 walitoa kitafunio cha mahindi kiitwacho Mazui-bo. Japani nzima inakijua kitafunio cha bei rahisi kiitwacho Umai-bo, yaani kijiti kitamu. Mazui ni kinyume chake, kibaya. Ubaya uliokusudiwa, walieleza, si wa ladha, ni wa hali ya hesabu za kampuni. Kilianza kuuzwa tarehe 3 Agosti saa 12 na dakika 18 jioni. Nane na tatu kwa Kijapani zinaweza kusomwa ha-san, kufilisika. Dakika hiyo kwa saa za Kijapani ni 18:18, na inasomeka iya iya: la, la. Mteja aliyeelewa alikuwa amepata mzaha mzima kabla hajafungua pakiti.

Wameuza pia kokoto za relini zikiwa ndani ya makopo. Wakati wa kiangazi huendesha treni ya mashetani usiku, behewa zima likiwa nyumba ya vitisho. Haki za majina ya vituo nazo ziliwekwa sokoni kuanzia 2015. Kasagami-Kurohae, kituo kilekile cha karibu na mahali treni ilipoacha njia, kilichukuliwa na wauza bidhaa za nywele, wakabadilisha herufi chache ili jina lilete picha ya nywele nyeusi zinazoota. Kituo cha Choshi, upande wa kinu cha upepo, kilipewa jina la ziada lenye maana ya hatutakata tamaa kamwe. Bila shaka upande wa JR wa jukwaa hilohilo uliendelea kuitwa Choshi tu.

Janga la korona lilipoingia mwaka 2020, kulikuwa na siku ya Aprili ambayo nauli zote za reli nzima hazikufika yeni 5,000, kiasi ambacho abiria wawili wa Shiosai wakiungana watakimaliza kwa safari ya kwenda tu. Mwaka huohuo Choden ilitoa filamu. Jina lake liliiga filamu ya kutisha iliyokuwa imevuma, likawa lina maana ya msisimamishe treni. Biskuti ziliendelea kuuzwa kwa posta, kwa sababu watu walikuwa wamefungiwa nyumbani na wanahitaji kitu cha kutafuna. Mwaka wa fedha uliokwisha Machi 2021, ule ambao mashirika makubwa ya reli yalipata hasara za kutisha, JR ikiwa mojawapo, kampuni ndogo ya mwisho wa jukwaa ilipata faida, kwa mara ya kwanza baada ya miaka sita.

Treni mpya, hata hivyo, Choden haimudu kununua. Hununua zilizostaafu kwingine, na mara nyingine zilizostaafu mara mbili: mabehewa yaliyoanzia kwa kampuni ya Keio jijini Tokyo, yakauzwa kwa reli ya Iyo kisiwani Shikoku, kisha yakaja Choshi kuanzia 2010. Machi 2024 iliingia treni kutoka Nankai, kampuni ya Osaka. Ilikuwa imetengenezwa kwa ajili ya njia ya milimani inayopanda kwenda Koyasan, mlima wa mahekalu ulioko mkoa wa Wakayama. Vyuma vya JR na vya Choden havijaunganishwa tena kama enzi za mapipa, kwa hiyo mabehewa yalifika kwa barabara yakiwa juu ya trela. Wenyeji wanaojua historia waliona kitu kingine: hii ilikuwa ni nchi ya Kishu, kule walikotoka wavuvi wa dagaa na wenye sosi ya soya, ikileta mgeni mwingine Choshi baada ya miaka mia nne.

Kila mwisho wa mwaka jukwaa hujaa. Inubosaki ni moja ya sehemu za kwanza kuliona jua la Januari mosi katika kisiwa kikuu cha Japani, ukiacha vilele vya milima, na watu hawataki kulikosa. Treni za ziada kutoka Tokyo huingia giza likiwa bado nene. Watu wamevaa makoti mazito, wengine wamebeba watoto wanaosinzia, na msururu mzima unapita pembeni ya mabango ya JR kuelekea ncha ya jukwaa. Pale mabehewa mawili yanawasubiri, taa zake za manjano zimewaka. Wanabanana ndani. Nakanocho inapita na harufu yake. Saa 12 na dakika 46 asubuhi, mawingu yakikubali, jua linachomoza nyuma ya mnara wa Brunton, na saa moja baadaye umati uleule unarudi Choshi ukiwa na mifuko ya nure-senbei mkononi, unatembea jukwaa lote kwa urefu wake, na kutokea geti la JR.